Sauti Aliyosahau Kuizima

Kamera alifika kwa kina Fundi mchana wa Jumapili, mkono mmoja kabeba kompyuta, mkono wa pili kabeba spika, na moyo kaubeba sijui kwa kitu gani, maana mikono yote ilikuwa imeshajaa.

Kamera si jina la kuzaliwa. Ni jina la mtaani tu. Alikuwa anapiga video za harusi, na watoto wakimwona anapita wanajipanga mstari, mikono kiunoni, wanapiga kelele, "Kamera! Kamera! Na sisi!" Jina likaganda. Hata mama yake mzazi akimpigia simu siku hizi anaanza na, "Hujambo, Kamera wangu?"

Sasa, harusi zilikuwa zinamlisha, lakini usingizi zilikuwa hazimpi. Kazi ya moyo wake ilikuwa nyingine. Alikuwa anatengeneza video ambazo ndani yake hakuna mtu anayefungua mdomo. Hakuna fulani kamwacha fulani, hakuna adui, hakuna mwisho wa kupiga makofi. Kuna mwili unasogea, na kuna sauti, basi. Unaona mama wa watu anakamua shuka, mabega yake tu, na chini yake unasikia mvua ikipiga bati, mara unajikuta unafuta macho na hujui unalilia nini. Watu wakimuuliza, "Sasa hii inahusu nini?" anawajibu, "Inahusu hicho hicho kilichokugusa hapo kifuani." Kuna waliomwelewa. Kuna waliomuuliza kama homa imepanda.

Fundi naye alikuwa fundi wa lipu. Kupiga lipu ukuta ukabaki laini kama shavu la mtoto, hiyo ndiyo kazi yake. Mwanamume mrefu, mpole, maneno yake ya kutwa nzima ungeweza kuyatia kwenye kijiko cha chai na kijiko kisijae. Hakuzaliwa hivyo. Alifiwa na mke wake, miaka kadhaa imepita, na tangu siku ya mazishi hakulia na wala hakusema. Alirudi kazini na mwiko wake, basi.

Kamera alimkuta kwenye nyumba moja inajengwa. Alikwenda kupiga picha za mwenye nyumba, akamwona huyu mtu anarusha lipu ukutani. Mkono unachota, unazunguka, unarusha, pa! Kisha unakwangua taratibu, shwaaa. Mwenye nyumba anaita, "Dada, mimi niko huku!" Dada wala hasikii.

Ndipo akamwomba aje kwenye chumba chake cha kazi, Jumapili, dakika chache tu. Chumba kitupu, kuta nyeupe, dirisha moja. Fundi akaja kanawa, kachana nywele.

"Piga lipu," Kamera akamwambia.

"Ukuta uko wapi?"

"Hakuna ukuta. Piga hapo hapo katikati."

"Mwiko?"

"Hakuna."

"Sasa dada yangu, si bora na mimi mwenyewe ungeniacha nyumbani?"

Hiyo ndiyo ilikuwa mara ya kwanza Kamera kusikia mzaha kutoka kinywani mwa yule mtu, na nadhani hapo ndipo alipokwisha, ila mwenyewe hakujua. Fundi akageuka, akaipa kamera mgongo kwa aibu, akaanza kurusha lipu isiyokuwepo kwenye ukuta usiokuwepo. Anachota, anazunguka, anarusha. Jumapili ile ikapita, ikaja nyingine. Mpaka siku moja mkono ukapanda juu, ukakataa kushuka. Ukabaki pale, vidole vimefunguka, kama mtu anayemshikilia mwenzake dirishani na gari limeshaanza kuondoka. Mabega yakaanza kutikisika. Hakutoa sauti hata kidogo. Kamera hakuzima kamera, na wala hakusogea, alisimama tu nyuma yake analia na yeye kimyakimya, mpaka mkono ule ukashuka wenyewe.

Baadaye walikunywa chai dirishani. Hakuna aliyelitaja. Fundi alisema, "Jumapili nije tena?" Kamera akasema, "Njoo." Maneno yao ya mapenzi yalikuwa hayo, mwaka mzima. Njoo. Nimekuja. Chai ina sukari? Inatosha. Mwanamke anayeweza kumsogelea bibi harusi wa watu mpaka puani na asitetemeke, kumwambia mwanamume mmoja "nakupenda" ulimi ulikuwa unalala kabisa. Na huyo mwanamume ndiyo kabisa, kijiko chake si unakijua.

Sasa mambo yakaiva upande wa nyumbani. Fundi alikuwa anakaa na mama yake, na dada yake mkubwa, mwanamke wa maneno makali na moyo mzuri, anayempenda mdogo wake mpaka anamkosea. Dada mtu akamtafutia mchumba. Mwalimu wa chekechea, binti mtulivu, kwao watu wa heshima, kasoro hana. Kwa kina mwalimu walikuwa wanangoja jibu Jumapili hiyo hiyo ya spika, na mjomba ndiye angelipeleka jioni. Fundi alipoulizwa alisema, "Ngojeni kidogo." Walipomuuliza angoje nini, akanyamaza. Ndipo mama mtu akasema, "Kabla sijafungua mdomo wangu, nataka nione kwa macho yangu huyo mwanamke wa kamera anamfanyia nini mtoto wangu kwenye hicho chumba. Mwite."

Na Fundi hajawahi kuvuka neno la mama yake. Kamera alilijua hilo vizuri. Mama akisema hapana, jioni mjomba anakwenda kwa kina mwalimu, na Jumapili zimekwisha.

Kabla hatujaingia ndani, kuna kitu cha kazi yake lazima nikueleze. Mshonaji wa nguo anashikiza nguo kwanza kwa uzi mweupe, mishono mirefu mirefu, halafu anashona kweli, halafu ule uzi anauchomoa. Na Kamera alikuwa hivyo hivyo. Akishapanga picha, anakaa peke yake na kompyuta, anatia sauti ya kuongozea kwa mdomo wake mwenyewe. Anahema pale mwili unapohema, anaguna, anavuta wimbo usio na maneno, anagonga kifua kwa kiganja. Halafu anarekodi sauti zenyewe, mchanga unachekechwa, maji yanamwagwa, mwiko unakwangua. Akimaliza, ile ya mdomo wake anaizima, hakuna binadamu anayeisikia. Ila asubuhi ile, kwa kuhangaika na nguo ya kuvaa, hii ya mikono mirefu au ile ya bluu, aliimalizia video haraka haraka akafunga kompyuta. Hakuisikiliza tena.

Sebule ilikuwa safi, makochi yamevalishwa vitambaa vilivyofumwa kwa mkono. Kuta zote Fundi alizipiga lipu mwenyewe. Yeye alikaa kwenye kigoda karibu na mlango, shati limepigwa pasi, ila chokaa ilikuwa imebaki kwenye kucha, ile haitoki. Alimtazama Kamera akiingia, halafu akatazama chini, halafu akatazama tena. Kamera akaona kutazama kote huko.

"Mpishe wifi yako akae," mjomba akamwambia dada mtu.

"Mjomba! Wifi kutoka wapi?"

"Aa, ulimi tu umeteleza, mama. Mimi mzee."

"Uteleze ukirudi," dada mtu akasema. Kisha akamgeukia mgeni. "Karibu, Kamera. Leo unatupiga tukiwa tumekaa au tumesimama?"

"Leo sipigi, dada. Leo naonyesha."

"Haya. Tuone hayo ya kufungiana chumbani."

"Wewe," mama akasema, bila kupandisha sauti, na dada mtu akanyamaza.

Kamera akaunga waya kwenye televisheni, akaweka spika juu ya meza. Spika yenyewe ilikuwa na chaji ya kuombea dua.

"Binti yangu," mjomba akauliza, "hiyo ina mapigano?"

"Hapana, mjomba."

"Kuna mtu anaimba?"

"Hapana."

"Kuna anayeongea?"

"Hakuna."

"Sasa tumekuja kuangalia umeme?"

Hata mama alicheka kidogo. Kamera akabonyeza.

Mgongo wa Fundi ukatokea, mpana, shati limelowa jasho katikati. Ukasikika mchanga unachekechwa, chee, chee, chee. Vizuri. Mkono ukachota, ukazunguka, na chini ya ule mchanga ikatokea pumzi. Pumzi ya mtu. Kamera akashtuka mpaka miguuni. Ile pumzi alikuwa anaijua kama anavyojua viatu vyake.

Hakuizima.

Akanyanyuka nusu, mkono umeshaelekea kwenye kompyuta. "Samahani, kuna kosa kidogo, naomba ni..."

"Kaa," mama akasema, macho yako kwenye televisheni.

Akakaa. Angefanya nini? Akakaa kama mtu aliyevuliwa nguo njiani. Pale mkono wa Fundi ulipozunguka, sauti yake ikazunguka nao. Mkono uliporusha, kiganja kikagonga kifua, du. Halafu ukaja ule mwanzo wa kuguna, mmm, chini chini, kama mama anayembembeleza mtoto huku na yeye usingizi umemshika. Ukawa unapanda. Mkono unapanda na sauti inapanda, pamoja, bega kwa bega. Na mkono ulipokataa kushuka, sauti nayo ikakataa. Ikabaki pale juu na ule mkono, inatetemeka, imechoka, haiendi popote. Mabega yakatikisika. Sauti ikakatika kidogo, ikarudi. Ukiifunga ile picha ukasikiliza tu, utasema kuna mtu anamwita mwenzake ng'ambo ya barabara, na hataki majirani wasikie.

Mkono ukashuka. Ikatoka pumzi moja ndefu, haa, basi. Ikaisha.

Mjomba alikuwa kafunua mdomo. Mama alitoa kitambaa akajifuta, jicho moja, la pili, akakikunja vizuri mapajani.

"Tangu tumzike marehemu," akasema, "nimekuwa nikimvizia huyu mtoto alie. Namsikiliza mlangoni. Namtazama akila. Hakulia. Nikasema labda atakuja kupasuka siku moja. Kumbe alikuwa analia huko Jumapili, mimi niko hapa nafua."

"Mama, mimi..." Fundi akaanza.

"Nyamaza, si kazi yako hiyo? Ifanye na leo."

Dada mtu alikuwa kainamisha kichwa, lakini dada mtu ni dada mtu. "Sawa," akasema. "Imeniuma na mimi, siwezi kusema uongo. Lakini huu ni msiba wetu, Kamera. Unaubeba kwenye kompyuta unakwenda kuuonyesha watu huko, wakae wakitafuna karanga?"

"Hakuna aliyeiona, dada. Nyinyi wa kwanza. Mkisema isitoke, haitoki. Naifuta hapa hapa mbele yenu."

Alisema hivyo na alimaanisha, na dada mtu alikosa pa kushika. Akabaki anavuta uzi wa kitambaa cha kochi.

"Ngoja hiyo ya kufuta," mama akasema. "Mimi nina swali moja. Ni nani yule anayehema?"

Kamera akayatazama mapazia. Hayakumsaidia. Angeweza kusema ni mwimbaji fulani, wako tele, nani angejua? Neno lilishafika kwenye meno. Akamtazama Fundi kule mlangoni. Fundi alikuwa anamtazama, na safari hii hakutazama chini.

"Ni mimi, mama. Ile ni sauti ya kuongozea tu. Huwa naizima. Leo nimesahau."

"Kuna mtu alikwambia uheme hivyo?"

"Hapana, mama."

"Ulikuwa na nani?"

"Peke yangu. Na kompyuta."

"Na yeye?" Mama akamwonyesha mwanawe kwa kidevu. "Alishawahi kuisikia?"

"Hajawahi."

"Mmh." Mama akajiegemeza. "Mwanangu, mimi nimezaa, nimeuguza, nimezika. Mtu anayefanya kazi namjua akihema. Na yule si mtu aliyekuwa kazini."

Masikio ya Kamera yakawaka moto. Dada mtu akaona nafasi, akaingia. "Basi kama ndivyo, aseme. Kinywa si anacho? Mimi nina binti wa watu huko anangoja jibu, kasuka nywele. Siwezi kwenda kumwambia, samahani, kuna mtu amehema kwenye spika. Kamera, unamtaka mdogo wangu au humtaki? Sema kwa maneno, tusikie."

Na hilo, kwa haki, lilikuwa swali la haki. Kamera akafungua mdomo. Maneno yalikuwepo, mafupi tu, hata mtoto anayaweza. Yakaja mpaka shingoni, yakasimama. Akafunga mdomo. Akafungua tena.

"Mimi..." akasema. Basi. Ikaishia hapo.

"Unaona, mama?" dada mtu akasema, taratibu, hata hakuwa na ubaya. "Hawezi. Mmoja hasemi, wa pili hasemi. Nyumba hiyo nani atamwambia mwenzake maji yamechemka?"

"Rudisha pale pa mkono," mama akasema. "Nataka kusikia tena."

Kamera akarudisha. Mgongo ukatokea, mkono ukaanza kupanda. Spika ikalia tii, ikakata. Chaji imekwisha.

Picha ikaendelea bila sauti. Mkono ukapanda peke yake, ukafika juu, ukabaki pale. Sijui nikuelezeje. Ni mkono ule ule, mgongo ule ule, lakini sasa ulikuwa mpweke mpaka unatamani ugeuze uso. Mjomba akasema kwa sauti ndogo, "Jamani, asiachwe hivyo."

Ndipo Fundi akasimama.

Akaja katikati ya sebule, akasogeza meza kwa goti. Akasimama mbele ya televisheni, nyuma yake ule mgongo wake mwingine bado umenyoosha mkono. Mwaka mzima alikuwa anaipa kamera mgongo. Safari hii akageuka, akamwelekea mwanamke wa watu uso kwa uso, mbele ya mama yake, dada yake na mjomba wake. Akachota pasipo na kitu. Akazungusha. Na badala ya kurusha, mkono ukapanda juu, vidole vikafunguka, ukabaki pale. Unangoja.

Kamera aliusoma uso wake wote. Kulikuwa na woga mle. Kulikuwa na swali. Na kama wewe umeshawahi kunyoosha mkono na hujui kama utapokelewa, unajua jinsi mkono unavyokuwa mzito.

Hakufikiri. Kama angefikiri asingeweza. Alianza na pumzi, ile ile, ndogo. Kiganja kikagonga kifua, du. Halafu mmm, chini chini, ikapanda, inakwaruza kwa aibu, ikasafika. Haikuwa nzuri kama ya kwenye kompyuta. Ilivunjika mara kwa mara, na hapo katikati ikaingia kwikwi. Lakini ilipanda mpaka ikaufikia ule mkono, na ikakaa nao pale juu, na Kamera akasimama na yeye bila kujua amesimama, macho yake hayajatoka kwenye macho ya Fundi, hata alipoanza kulia hayakutoka.

Mkono ukaanza kushuka. Ukashuka pole pole mpaka usawa wa kifua, kiganja juu, ukaja mbele yake. Kamera akaweka mkono wake pale. Kiganja cha Fundi kilikuwa kigumu kama gome.

Ikatoka ile pumzi ya mwisho, haa. Ila sasa ilitoka kwa wote wawili.

Mjomba akapiga goti lake. "Haya! Mimi sasa nakwenda kusema nini kule kwa kina mwalimu?"

"Nenda kaseme ukweli," mama akasema. "Kijana ana mtu wake. Tulikuwa hatujui, tumejua leo. Na uende sasa hivi, mtoto wa watu asiendelee kukaa na matumaini na nywele zimemvuta kichwa."

"Wakiniuliza huyo mtu amejibu nini?"

"Waambie amejibu."

Mjomba akavaa viatu huku anaguna, mmm, mmm, anaijaribu ile sauti, mpaka dada mtu akamwambia, "Mjomba, hiyo acha, utapata mchumba njiani." Halafu dada mtu akasimama mbele ya Kamera, mikono kiunoni. Akamtazama juu mpaka chini.

"Wifi," akasema, kama anayejaribu kiatu kama kinabana. "Chai yako unatia sukari kiasi gani?"

"Ya kutosha tu, wifi."

"Hilo si jibu. Kwenye nyumba hii mmoja wenu lazima ajifunze kujibu." Akaenda jikoni, lakini alikuwa anatabasamu, Kamera aliliona shavu lake.

Baadaye, mama alipoinuka kwenda kumsaidia, wakabaki wawili na televisheni iliyozimika. Kamera akafungua kompyuta apate mahali pa kuficha uso.

"Nitairekebisha leo," akasema. "Ile sauti ni kubonyeza mara moja tu, inazimika. Ibaki mchanga na mwiko, kama ilivyotakiwa. Kama dada atakubali itoke."

Fundi alikaa kimya. Kamera alikuwa ameshakizoea kimya kile, akakingoja kiishe.

"Usiizime," Fundi akasema.

"Watu wataisikia."

"Waisikie." Akautazama mkono wake, akaufunga na kuufungua. "Siku ile mkono ule ulipogoma kushuka, nilijiona niko peke yangu kabisa. Mwaka mzima nimekaa nikijua nilikuwa peke yangu. Kumbe wewe ulikuja baadaye, ukakaa na mimi pale." Yalikuwa maneno mengi, kijiko kilikuwa kimeshafurika, lakini akaongeza jingine. "Ukiizima utanirudisha kulekule."

Kamera akaifunga kompyuta bila kubonyeza chochote.

Kutoka jikoni sauti ya dada mtu ikaja, "Maji yamechemka! Kuna mtu amesikia huko, au nije nipunge mikono?"

"Tumesikia!" wakaitikia wote wawili, kwa pamoja, na kwa nguvu, mpaka wakashangaana.